Joto la Nyumba Linaanzia Paani

Haya ni mazungumzo ya afisa wa afya ya umma mbele ya wakazi wa Nyalenda. Tumeyachapisha kwa faida ya wakazi wa sehemu nyingine za kaunti, maana nyumba za mabati ziko kila mahali, kuanzia Obunga hadi Katito.

 

Nimeombwa niseme juu ya joto, na nimesikia watu wa nyuma wakicheka. Wanasema, tangu lini joto likawa habari mpya Kisumu? Ni kweli, si habari mpya. Lakini sikilizeni jambo ambalo wahudumu wetu hukutana nalo wanapotembelea nyumba mwezi wa Januari, Februari na Machi kabla ya mvua. Wanaingia chumba cha kulala, wanaiona neti imefungwa fundo na kutupwa juu ya kamba. Wakiuliza kwa nini, jibu ni lile lile: joto. Mtoto ametoka vipele shingoni, analia usiku kucha, na mama ameamua afadhali apate hewa. Wengine wanafungua mlango hadi usiku wa manane. Wengine wanatandika mkeka nje.

Simlaumu mama huyo. Mtu hawezi kulala ndani ya oveni na juu yake ukamfunika neti. Lakini eneo letu la ziwa ndilo lenye malaria nyingi kuliko sehemu nyingine yoyote ya Kenya, na neti iliyokunjwa haimsaidii mtoto. Kwa hiyo nikizungumza juu ya kupunguza joto la nyumba, sizungumzi juu ya starehe. Ninazungumza juu ya kumwezesha mtoto alale ndani ya neti mpaka asubuhi.

Sasa tuanze na swali la kwanza. Joto hili linaingilia wapi? Ukiuliza watu wengi watakuambia mlangoni, au dirishani, au ni wingi wa watu chumbani. Hapana. Linaingilia juu.

Mnajua kile kibao cha ikweta pale Maseno. Maana yake kwetu ni kwamba jua halipiti kando kama linavyopita Ulaya, linapita utosini. Karibu tarehe 20 Machi, na tena karibu tarehe 23 Septemba, liko wima juu ya vichwa vyetu, na miezi mingine halisogei mbali sana. Ukuta wa mashariki unapata jua la asubuhi, ukuta wa magharibi unapata la jioni, lakini paa linalipata mchana kutwa.

Tufanye hesabu kidogo. Anga likiwa wazi, jua la mchana hushusha takriban wati 1,000 kwenye kila mita moja ya mraba. Chumba cha futi 10 kwa 10, ambacho ndicho chumba cha wengi wetu hapa, kina mita za mraba 9 hivi. Hizo ni wati 9,000. Pasi ya stima ya kawaida hutumia kama wati 1,000. Basi fikirini pasi tisa zimewashwa zikalazwa juu ya paa lako kuanzia saa sita hadi saa nane mchana, na kati ya pasi hizo na kichwa chako hakuna kitu isipokuwa bati la geji 30, ambalo unene wake ni kama robo ya milimita.

Bati likishapata moto linafanya mambo mawili. La kwanza mnalijua: linapasha hewa iliyo chini yake, na hewa hiyo, kwa kuwa hewa moto hupanda, inabaki imeganda juu bila njia ya kutokea. La pili ndilo watu hawalitambui. Bati moto linatupa joto chini moja kwa moja hadi mwilini mwako, kama jiko la makaa linavyokupiga usoni ingawa umekaa hatua mbili kutoka pale. Ndiyo sababu unaweza kufungua mlango na dirisha, upepo ukapita, na bado kichwa kikakuuma. Ndiyo sababu pia feni haitoshi. Feni inasukuma hewa, haizimi zile pasi.

Kwa hiyo shilingi ya kwanza uliyo nayo iende juu. Usianze na feni, usianze na pazia.

Kabla sijasema namna, niondoe jambo moja linalowachanganya watu. Wengi mnatumiwa ushauri kwenye simu: siku za joto funga madirisha na mapazia mchana, fungua usiku. Ushauri huo ni wa kweli, lakini ni wa nyumba nyingine. Unafaa nyumba yenye ukuta mnene, wa mawe, wa matofali ya kuchoma au wa udongo, na yenye dari. Ukuta mnene unachelewa kupata moto, kwa hiyo hadi adhuhuri ndani bado kuna ubaridi wa usiku, na ukifunga unautunza. Chumba cha bati juu na bati ukutani hakina ubaridi wowote wa kutunza. Saa nane mchana ndani ni moto kuliko nje. Ukikifunga, umefunika sufuria.

Kuna jaribio rahisi lisilohitaji kipimo. Saa nane mchana simama nje kivulini kwa dakika chache, kisha ingia ndani. Ukihisi ndani ni moto kuliko kivuli cha nje, fungua kila kinachofunguka. Ukihisi ndani kuna afadhali, funga upande wenye jua na ushushe pazia, kisha ufungue jioni hewa ya nje ikipoa. Nyumba yako ndiyo itakuambia. Jirani yako mwenye nyumba ya mawe atafanya tofauti na wewe, na nyote mtakuwa mmefanya sawa.

Sasa turudi juu. Mmeviona vile vipande viwili vya bati ambavyo fundi ameviweka pale uwanjani tangu saa nne. Ni bati moja lililokatwa katikati. Kimoja kimepakwa rangi nyeupe, kingine rangi ya damu ya mzee, ambayo naona wengi mnaipenda. Wazee wawili waende waweke kiganja juu ya kila kimoja. Taratibu kwenye hicho chekundu, na watoto wasikiguse. Mmeona alivyoondoa mkono? Jua ni moja, bati ni moja, tofauti ni rangi tu.

Rangi nyeupe ikiwa mpya na safi hurudisha angani karibu robo tatu ya mwanga wa jua. Rangi nyeusi, kijivu cha makaa, damu ya mzee au buluu iliyokolea hurudisha kidogo sana, nyingine sehemu moja tu kati ya kumi. Kwenye hesabu yetu, paa jeupe limeziondoa pasi saba, zimebaki mbili na kidogo. Bati jipya lisilopakwa rangi, linalong'aa, nalo hurudisha mwanga mwingi mwanzoni, lakini lina tabia ya kushikilia joto lililoingia, na likishafifia na kuota kutu linakuwa baya kama la rangi nzito. Mapaa mengi ya hapa yamefika huko.

Si Kisumu tu inayofikiria hivi. Jiji la Ahmedabad, India, lilipigwa na joto kali mwezi wa Mei 2010 na watu wengi wakafa. Mwaka 2013 jiji hilo likaanzisha mpango wake wa kukabiliana na joto, na baadaye kupaka rangi nyeupe mapaa ya mitaa ya watu wa kipato cha chini kukawa sehemu ya kazi hiyo. Joto lao ni kali kuliko letu, lakini mapaa yao ya mabati ni haya haya.

Gharama je? Siwezi kuwatajia bei, kwa sababu Kondele ni nyingine na Ahero ni nyingine, na wiki ijayo zitakuwa zimebadilika. Lakini naweza kuwapa kipimo. Lita moja ya rangi ya paa hufunika kama mita za mraba 8 hadi 10 kwa mkono mmoja, na mikono inatakiwa miwili. Ukiongeza mikunjo ya bati, chumba kimoja cha futi 10 kwa 10 kinamalizwa na kopo la lita 4, pengine na kibakuli cha kubaki. Nendeni na kipimo hicho dukani msije mkauziwa ndoo ya lita 20 kwa chumba kimoja.

Nunua rangi ya maji iliyotengenezwa kwa ajili ya mapaa, na uliza kama haina madini ya risasi, hasa kama mnateka maji ya mvua. Sugua kutu kwa brashi ya waya, osha vumbi na ukungu, acha pakauke, pale penye kutu paka kwanza rangi ya msingi ya kuzuia kutu. Bati jipya kabisa halishiki rangi vizuri, liache lipigwe na jua na mvua kwa miezi kadhaa, au umwulize fundi rangi ya msingi inayofaa bati jipya. Baada ya kupaka, maji ya mvua za kwanza yamwageni, msiyaweke kwenye tangi. Watu huuliza juu ya chokaa kwa sababu ni rahisi. Chokaa ni nzuri kwenye ukuta wa matofali au wa udongo. Kwenye bati haishiki, mvua ya Aprili itaiosha yote, utakuwa umefanya kazi ya miezi miwili.

Tafadhali pandeni asubuhi na mapema, kanyageni juu ya misumari ambako kuna ubao chini, na mwangalie nyaya. Mitaa yetu ina nyaya za stima zinazopita chini sana, nyingine zimeungwa na watu tusiowajua. Na kama unakaa katika nyumba za zamani zenye paa la asbesto, usilisugue wala usilitoboe, hata kidogo. Vumbi lake linaharibu mapafu. Hilo ni jambo la kuja kuuliza ofisini kwetu kwanza.

Kazi ya pili ni dari, au silingi kama mafundi wanavyoiita. Rangi inapunguza joto linaloingia kwenye bati, dari inakukinga na lile lililopita. Inaweka kivuli kati yako na bati. Dari inaweza kuwa ya mbao nyembamba au ya bodi, na mwenye uwezo aweke. Wengine wanashona magunia na kuyatandaza, nayo yanasaidia kuliko kutokuwa na kitu. Lakini mimi nataka kuwaambia juu ya kitu ambacho kinaota hapa chini ya pua zetu, yaani mafunjo, togo.

Mwaka 2009 watafiti walichapisha matokeo ya kazi waliyoifanya hapa kwetu, kwenye mashamba ya mpunga ya Ahero. Walichukua nyumba za kawaida za wakulima wakaziwekea dari ya mikeka ya mafunjo, kisha wakahesabu mbu waliokuwa wakipumzika ndani, wakilinganisha na nyumba za jirani ambazo hazikuwekewa. Mbu wa malaria walipungua kwa zaidi ya robo tatu. Mbu hawa, mnajua, huingia usiku kupitia ule mwanya kati ya ukuta na paa. Wakikuta mkeka umefunga njia, wanabaki juu.

Wale watafiti walikuwa wakitafuta mbu, hawakuwa wakitafuta joto. Lakini angalieni bahati tuliyo nayo. Kwa miaka mingi tumekuwa tukiwaambia watu wazibe ule mwanya kwa udongo au simenti ili kuzuia mbu, nao wakatujibu, tukiziba tutakufa kwa joto. Walikuwa na haki. Ukiziba mwanya wa nyumba ya bati isiyo na dari, umezuia njia pekee ya hewa moto kutoka. Mkeka unamaliza ugomvi huo. Mwanya unabaki wazi juu ya dari, hewa moto inatoka, na mbu anazuiwa na mkeka chini yake. Tiba moja kwa mashtaka mawili.

Namna ya kuweka. Mkeka ufumwe umeshikana vizuri, usiwe na nafasi za kupitisha kidole. Utandazwe juu ya fito au waya uliokazwa, uache angalau shubiri moja, na zaidi ikiwezekana, kati yake na bati. Pembeni ufike ukutani kabisa, kwa sababu mbu hahitaji mlango. Nafasi iliyo juu ya mkeka iwe na matundu ya kutolea hewa pande mbili zinazotazamana, na matundu hayo yafungwe wavu wa waya ili popo na panya wasihamie. Kwenye ploti zetu paa nyingi zinainama upande mmoja tu. Hapo tundu la kutolea hewa liwe upande wa juu, maana ndiko hewa moto inakokimbilia, na jingine upande wa chini la kuingizia hewa nyingine.

Mkeka unashika moto, hilo nisilifiche. Usiweke dari ya mafunjo, ya gunia wala ya kadibodi juu ya mahali pa kupikia. Usining'inize koroboi chini yake. Nyaya za stima zipitishwe ndani ya bomba la plastiki. Chumba kikishika moto kwenye ploti ya vyumba kumi, vyumba kumi vinaungua. Kama chumba chako ni kimoja, unalala na kupika humo humo, dari yako iwe ya bodi isiyoshika moto haraka, au uhamishe jiko nje kwanza. Na mikeka haidumu milele. Moshi, unyevu na panya vitaila, baada ya miaka michache utabadilisha.

Wafumaji wa Dunga na wa kule Nyando wako, kazi hiyo wanaijua kuliko mtu yeyote ninayemjua mimi. Ninawaomba tu wanaokata mafunjo wakate yaliyokomaa na waache mashina yaote tena. Samaki wanazaliana humo, na kuna ndege wanaowaleta wageni Dunga ambao hawaishi mahali pengine ila kwenye mafunjo.

Nije kwenye upepo, nitapita haraka. Ziwa linatupa upepo bila malipo. Kuanzia kabla ya adhuhuri nchi kavu inapata moto kuliko maji, na upepo unaanza kutoka ziwani kuja kwetu. Usiku unageuka, unatoka upande wa milima ya Nandi kuelekea ziwani. Kwa hiyo dirisha moja lielekee ziwani na jingine upande wa pili, kwa sababu upepo hauingii pasipo na mlango wa kutokea. Ziwa liko wapi kwako? Hapa mjini liko magharibi na kusini-magharibi. Mtu wa Seme analitazama upande wa kusini. Mtu wa Nyakach analitazama upande wa kaskazini. Fundi aliyejenga Seme akija Nyakach kuiga nyumba ile ile atakuwa amefungia upepo nje. Madirisha yawekwe wavu wa mbu ili yalale wazi. Wavu unapunguza upepo, basi dirisha lenye wavu liwe kubwa kidogo kuliko ulivyopanga.

Ukuta wa magharibi ni wa kuutazama vizuri. Unapigwa na jua kuanzia saa nane hadi magharibi, na kama ni wa mawe au matofali, unaanza kuyatoa yale yote saa tatu usiku, mnapoingia kulala. Usiegemeze kitanda hapo. Upande huo ndio wa kupanda mti au kutambaza mmea. Mwarobaini, mwembe au siala vitachukua miaka, mpapai utakupa kivuli chepesi mapema, na susa au pasheni ikipandishwa kwenye fito itafunika ukuta kwa msimu mmoja na mboga utapata. Mti mkubwa uwe mbali na nyumba kiasi, kwa sababu upepo wa mvua za hapa mnaujua, tawi likianguka juu ya bati hakuna cha kujadili.

Ndani ya nyumba, jiko ndilo adui wa pili baada ya paa. Pikeni nje, chini ya kipaa kidogo. Jiko la makaa lililoachwa chumbani usiku kilichofungwa huua kwa hewa ya sumu, na hilo tunalisema kila mwaka na kila mwaka tunazika watu. Feni ya mezani ni nzuri ikiwa unayo. Nyingi hutumia kama wati 50, kwa hiyo saa kumi ni nusu yuniti ya tokeni. Jioni iweke karibu na dirisha isukume hewa ya nje kuja ndani, na ielekeze kwenye neti, upepo utapita. Lakini chumba kikizidi digrii 40, feni inaweza kukuongezea joto badala ya kulipunguza. Chumba cha bati mchana kinaweza kufika huko. Saa hizo toka ndani, kaa chini ya mti, ujifute kwa kitambaa chenye maji.

Kumwagia sakafu maji kunasaidia Januari hewa ikiwa kavu. Mvua zikianza, hewa imejaa unyevu tayari, maji hayakauki, unajiongezea jasho bure. Mtungi wa udongo ni kitu kingine, huo unapoza maji ya kunywa kwa sababu maji hupenya polepole na kukauka nje yake. Tibuni maji kwanza, kisha mtungini, ufunikwe, na kata ya kuchotea iwe na mpini. Maji ya baridi yenye kipindupindu hayana faida.

Sasa nizungumze juu ya watu wenyewe. Kuna wanaoumizwa na joto kabla ya wengine: mtoto mchanga, mzee, mama mjamzito, mgonjwa wa sukari, wa shinikizo la damu, wa moyo, na mtu aliyelazwa kitandani asiyeweza kutoka mwenyewe. Mtoto wa chini ya miezi sita asipewe maji. Anyonye mara nyingi zaidi, na mama ndiye anywe maji. Msimviringishe mtoto mchanga blanketi mbili saa nane mchana kwa sababu ya kuogopa baridi. Mgonjwa wa shinikizo asiache dawa kwa sababu anasikia kizunguzungu, aje kliniki aulize. Na yule mzee anayelala mchana peke yake kwenye chumba cha bati wakati nyote mmekwenda sokoni, kabla hamjatoka mtoeni nje, mwekeeni kiti kivulini na maji karibu.

Angalieni dawa pia. Dawa nyingi, zikiwemo za malaria, zimeandikwa zihifadhiwe chini ya digrii 30. Watu wanaziweka juu kabisa, kwenye ubao ulio chini ya bati, ili watoto wasizifikie. Hapo ndipo pabaya kuliko pote nyumbani. Ziwekwe chini, kwenye sanduku lenye kufuli. Anayetumia insulini na hana friji atumie mitungi miwili, mdogo ndani ya mkubwa, mchanga wenye maji katikati, insulini ndani ya mfuko uliofungwa usiingie maji, mtungi ukae kivulini penye upepo. Mchanga usiachwe ukauke.

Jambo hili naomba wahudumu walirudie kila nyumba. Mtoto akiwa na mwili moto, msiseme ni joto la bati. Hapa kwetu homa yoyote inapimwa malaria, siku hiyo hiyo, hata kama jua ni kali namna gani. Na mtu mzima au mtoto akiwa moto sana, akaanza kuongea visivyoeleweka, kuyumba, kutapika sana, kushikwa na degedege au kuzimia, hiyo ni dharura. Mpelekeni kivulini, mvueni nguo za juu, mlowesheni maji mwili mzima na mumpepee, huku mwenzenu akitafuta gari la kumpeleka hospitali iliyo karibu. Asiyejitambua asinyweshwe chochote.

Nimalizie na wenye ploti, kwa sababu nawaona mko watano au sita pale. Mpangaji wa chumba kimoja hana mamlaka juu ya paa. Anaweza kuning'iniza gunia, zaidi ya hapo anaogopa kwamba akitengeneza kodi itapanda, au atahama akiacha gharama yake juu. Ninyi ndio wenye paa. Paa la ploti ni moja, limeunganika kutoka chumba cha kwanza hadi cha kumi, na kulipaka lote siku moja ni nafuu kuliko mmoja mmoja. Kama mfuko haujaruhusu, kubalianeni na wapangaji wanunue rangi, mkate kwenye kodi ya miezi miwili au mitatu, na makubaliano hayo yaandikwe, kila upande ubaki na nakala. Tumewaona wapangaji wakienda pamoja kwa mwenye nyumba wakasikilizwa, ambapo mmoja mmoja walikuwa wakifukuzwa mlangoni.

Na wewe unayejenga mwaka huu hujanunua bati bado: bei ya rangi hafifu na ya rangi iliyokolea dukani huwa haitofautiani sana. Chagua nyeupe au krimu. Pandisha ukuta kozi mbili zaidi, acha paa litokeze nje likupe kivuli cha ukuta, na weka matundu ya juu kabla ya kupiga plasta, kwa sababu kuyatoboa baadaye ni gharama nyingine.

Wahudumu wa afya wako hapa mbele na madaftari yao. Aliye na mtoto mchanga, mzee au mgonjwa anayeshinda ndani ya chumba cha bati, apite aseme ni ploti gani ili wamtembelee kabla ya mwisho wa mwezi. Mwenye swali juu ya rangi au mkeka, fundi yuko pale kwenye vile vipande viwili vya bati, na ataendelea kukaa hadi saa kumi.